Deni la Kicheko: Habari za Maisha ya Mzee Ojwang'

Msomaji mpenzi, siku moja upatapo nafasi, panda gari namba 8 kutoka katikati ya mji wa Nairobi, ushuke kituo cha Olympic, huko Kibera. Usiwe na haraka ya kwenda popote. Simama kando ya barabara kwa dakika chache, usikilize. Mama auzaye sukumawiki atataja bei yake kwa Kiswahili chenye mlio wa Kisii. Fundi wa viatu atamjibu mteja wake kwa Kiswahili kilichoonja Kiluhya. Kijana aitaye abiria atachanganya Kikamba na Kiingereza katika pumzi moja. Mzee wa Kinubi, ambaye babu yake alikuwa askari wa King's African Rifles, atapita akimsalimu jirani kwa lugha iliyo na asili ya Kiarabu. Ukienda Kawangware utasikia mambo hayo hayo. Kila mtu anasema Kiswahili, na kila mtu amekitia chumvi ya kwao.

Mahali hapa pamekuwa hivyo tangu zamani. Mwanzoni mwa karne ya 20, serikali ya kikoloni iliwapa askari wa Kisudani nafasi ya kukaa katika msitu uliokuwa kando ya Nairobi, nao wakauita Kibra, maana yake msitu. Reli iliyofika Kisumu mwaka 1901 ilifungua njia kati ya Nairobi na nchi ya ziwa, na hata leo treni hukata katikati ya Kibera. Kwa njia hiyo na kwa njia nyingine nyingi wakaja Waluo, Waluhya, Wakikuyu, Wakamba na Wakisii kutafuta kazi. Walikuja na vifurushi vyao na ndimi zao.

Sasa, lafudhi ni kitu cha ajabu. Mtu akikosea neno, sisi hucheka. Lakini lafudhi iyo hiyo hutujulisha mtu ametoka wapi, na siku ya uhasama huwa alama ya kumtafutia adui. Habari nitakazokusimulia ni za mtu mmoja wa Nairobi aliyeichukua lafudhi isiyokuwa yake, akaivaa kama vazi kwa muda wa miaka kama 30, akaifanya Kenya nzima icheke pamoja. Jina lake alilozaliwa nalo lilikuwa Benson Wanjau. Nchi ilimjua kwa jina jingine: Mzee Ojwang' Hatari.

Kabla ya kumfuata yeye, ni vizuri tuijue kazi yenyewe. Usidhani kuchekesha watu ni mchezo wa watu wasio na kazi. Huko Marekani, katika miaka ya mwisho ya karne ya 19, palikuwa na michezo ya jukwaani iliyoitwa vodevili. Katika usiku mmoja watazamaji waliona waimbaji, wachezaji wa sarakasi, wafanya mazingaombwe na wachekeshaji, mmoja akishuka na mwingine akipanda. Mchekeshaji alipewa dakika chache tu. Katika dakika hizo ilimpasa ajulikane ni nani, anataka nini, na kwa nini hakipati. Kwa hiyo alijifanyia alama: kofia, mwendo, sauti. Charlie Chaplin, aliyezaliwa London mwaka 1889, alikulia katika michezo ya namna hiyo kabla ya kuingia katika senema, na suruali yake pana na fimbo yake vikajulikana duniani kote.

Kwetu Afrika Mashariki hapakukosekana mambo kama hayo. Katika Tanzania, vikundi vya sanaa vya Dar es Salaam katika miaka ya 1980 na 1990 viliwapa watu onyesho moja lenye ngoma, sarakasi, taarabu, maigizo na vichekesho. Rashidi Kawawa, ambaye mwaka 1962 alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika, katika ujana wake aliigiza katika filamu ya Muhogo Mchungu. Hapa Kenya walitangulia wachekeshaji kama Kipanga na Mzee Pembe, ambao wazee wetu wakitajiwa majina yao hutabasamu hata kabla ya kuambiwa walisema nini. Basi Benson Wanjau hakuwa mti uliojiotea peke yake jangwani. Alikuwa tawi la mti wa zamani.

Alizaliwa mwaka 1937, katika nchi iliyotawaliwa na Waingereza, na kabila lake lilikuwa Mkikuyu. Ukitaka kujua kijana wa Kiafrika wa nyakati hizo angetarajia nini katika sanaa ya uigizaji, tazama jambo hili moja. Mwaka 1952 ilifunguliwa Nairobi nyumba kubwa ya michezo, Kenya National Theatre, ng'ambo ya barabara kutoka Hoteli ya Norfolk. Iliitwa ya taifa, lakini Mwafrika wa kawaida hakuiona kuwa yake, kwa sababu michezo iliyoonyeshwa humo ilikuwa zaidi ya Wazungu na kwa ajili ya Wazungu. Tena mwaka uo huo, tarehe 20 Oktoba, serikali ilitangaza hali ya hatari. Wanjau alikuwa na miaka 15. Katika miaka iliyofuata, kijana wa Kikuyu mjini Nairobi aliulizwa kipande chake kila alikopita. Jukwaa la taifa lilikuwa mbali naye, ingawa miguu yake ingeweza kumfikisha mlangoni.

Uhuru ulipatikana tarehe 12 Desemba 1963. Televisheni ilikuwa imeanza nchini mwaka uliotangulia, na mwaka 1964 shirika la utangazaji likatwaliwa na serikali, likaitwa Sauti ya Kenya. Jina hilo lilidumu hata mwaka 1989, lilipobadilishwa likawa KBC. Hapa, msomaji, weka moyoni tarehe nyingine moja: mwaka 1990. Ndipo Kenya ilipopata kituo cha pili cha televisheni. Tangu mwanzo hata mwaka huo, mwenye televisheni hakuwa na la kuchagua. Waziri katika jumba lake na kinyozi katika kibanda chake waliona picha ile ile kwa saa ile ile. Nyumba moja yenye televisheni ilikuwa na wageni wengi jioni. Watoto wa jirani walikaa sakafuni, na waliokosa nafasi walisimama dirishani. Hali hiyo ilikuwa na ubaya wake, kwa kuwa mtu mmoja akishika kinywa cha nchi nzima anaweza kuisemesha apendavyo. Lakini kwa mchekeshaji ilikuwa na baraka yake pia: akichekesha, alichekesha taifa.

Katika hali hiyo Wanjau aliingia katika vipindi vya Kiswahili vya televisheni. Aliigiza katika Darubini, Kinyonga na Vioja Mahakamani. Lakini kilichomjengea jina ni Vitimbi. Humo alikuwa Mzee Ojwang', mume mwenye maneno mengi na hila nyingi, na mkewe alikuwa Mama Kayai, aliyeigizwa na Mary Khavere. Walipatana katika mchezo huo hata watazamaji wengi wakaamini kuwa ni mume na mke wa kweli. Haikuwa hivyo. Kila mmoja alikuwa na nyumba yake, na kipindi kilipokwisha kila mmoja alishika njia yake kama fundi afungaye zana zake jioni.

Jambo lililowashangaza watu zaidi ni hili. Mzee Ojwang' alikuwa Mluo: jina lake la Kiluo, mlio wake wa Kiluo, hata namna yake ya kukasirika ilikuwa ya mzee aliyetoka kandokando ya Ziwa Viktoria. Mara nyingi nimewauliza watu wazima, waliomtazama tangu utoto wao, mtu huyu alikuwa kabila gani. Hunijibu bila kusita, «Mluo.» Nikiwaambia kwamba alikuwa Mkikuyu aitwaye Wanjau, wengine hucheka wakidhani nawatania.

Wewe mwanafunzi wa lugha unaweza kuupima ugumu wa kazi yake. Lugha ya Kiluo haina sauti ya «sh» wala ya «z». Kwa hiyo Mluo asiyezoea Kiswahili huweza kusema «samba» akimaanisha shamba. Lugha ya Kikuyu nayo ina shida yake nyingine: haina «l», na Mkikuyu asiyezoea huweza kusema «rara» akimaanisha lala. Basi Wanjau alikuwa na kazi maradufu. Ilimpasa auzuie ulimi wa mama yake usichungulie, kisha auweke mdomoni ulimi wa jirani. Na haikutosha kubadili herufi. Sentensi ya Mluo ina kupanda na kushuka kwake, na mwili wake hufuata sauti. Mwigaji asiye hodari huiga makosa tu, na watu huchoka naye upesi. Aliye hodari huiga mtu mzima, pamoja na haya yake, tamaa yake na heshima yake. Mambo hayo hayajifunzwi kitandani. Hujifunzwa kwa kusikiliza watu kwa miaka mingi, tena kwa kuwapenda.

Hapo pana swali ambalo sitaki ulikwepe. Je, mtu wa kabila moja akiigiza mtu wa kabila jingine ili watu wacheke, huko si kumdharau? Wapo walionung'unika kwamba vichekesho vya lafudhi hufundisha watoto kudhani kwamba kabila fulani ni la wajinga na jingine ni la wezi. Nung'uniko hilo si la bure. Dunia imeona ubaya huo. Katika vodevili ya Marekani alikuwako mchekeshaji mkubwa mweusi, Bert Williams, aliyezaliwa Nassau, katika visiwa vya Bahama, mwaka 1874. Alikuwa mtu mwenye adabu na akili nyingi. Mwaka 1903 yeye na mwenziwe George Walker walionyesha mchezo wao hata katika jumba la mfalme wa Uingereza. Lakini watazamaji weupe wa nyakati hizo walizoea kumwona mtu mweusi jukwaani kama kikaragosi cha kuchekwa, na ili akubaliwe ilimpasa ajipake weusi usoni, yeye aliyekwisha kuumbwa mweusi, asemeshe Kiingereza kisichokuwa chake. Alifariki mwaka 1922, akiwa na umri wa miaka 47. Kicheko alichokipata kilikuwa kikubwa, lakini ndani yake mlikuwa na kifungo.

Tofauti ya kicheko hicho na kile cha Mzee Ojwang' iko wapi? Naona iko katika mambo mawili. Kwanza, hakuna aliyemlazimisha Wanjau kuvaa sura hiyo ili adharauliwe, aliichagua, akaitunza. Pili, na hili ni kubwa zaidi, Waluo wenyewe walicheka. Walimtambua mjomba wao katika mzee yule, wakamwita wao. Kichekesho kinachomtukana mtu humfukuza chumbani; kichekesho cha haki humvuta akae karibu. Mzee Ojwang' hakuchekwa kwa kuwa Mluo. Alichekwa kwa kuwa alijiona mjanja kuliko mkewe, na udhaifu huo hauna kabila. Yule Mkamba aliyemtazama aliona nyumba yake mwenyewe.

Lakini ole wetu, kicheko hakikutosha kutulinda. Uchaguzi wa tarehe 27 Desemba 2007 ulipokwisha, na matokeo yakabishaniwa, nchi iliwaka moto. Katika majuma yaliyofuata watu zaidi ya 1,100 waliuawa. Kibera ilikuwa miongoni mwa mahali palipoumia sana. Soko la Toi likateketezwa. Reli ile ile iliyofungua njia ya ziwani ikang'olewa. Na barabara za kwenda Olympic zikafungwa kwa mawe na matairi yanayowaka. Mahali pengi nchini watu walisimamishwa njiani wakaulizwa majina yao na kusemeshwa lugha za makwao, na jibu likawa uhai au mauti. Jirani aliyekuwa akicheka nawe dirishani kwa Vitimbi hakukujua tena. Mapatano ya viongozi yalitiwa sahihi tarehe 28 Februari 2008, lakini waliokufa hawakurudi.

Nakuomba utafakari hapo. Tuseme Benson Wanjau, mzee wa miaka 70 wakati huo, angesimamishwa katika kizuizi kama hicho, akaambiwa, «Sema, wewe ni nani?» Angejibu kwa ulimi gani? Kwa damu alikuwa wa kabila moja. Kwa sauti, taifa lilimjua kuwa wa kabila jingine. Angemtaja Wanjau, baadhi yao wangemchukia. Angemtaja Ojwang', wengine wangemchukia. Na wote kabisa, wa huku na wa kule, walikuwa wamelelewa na kicheko chake. Mtu huyo mmoja, kwa kazi yake tu, alikuwa ushahidi kwamba swali lenyewe lilikuwa la upuuzi. Naona hilo ndilo jambo kubwa alilotuachia, ingawa huenda yeye alidhani anatuchekesha tu.

Sasa tuangalie nchi ilimlipa nini. Msanii wa aina yake hakuwa mtumishi wa ofisi mwenye mshahara wa kila mwezi na pensheni ya uzeeni. Alipata ujira alipoigiza, asipoigiza hakupata. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 iliwatambua waigizaji kuwa na haki katika kazi zao, lakini ilikuja wakati Mzee Ojwang' amekwisha kuwachekesha watu kwa miaka mingi. Umaarufu wake ulikuwa wa taifa zima. Lakini dukani umaarufu haununui unga. Ilipofika mwaka 2012 macho yake yalikuwa yamefifia, na habari za shida yake zikatangazwa. Wakenya waliguswa, wakachanga fedha ili atibiwe. Lilikuwa tendo jema, wala silidharau. Lakini mchango ni hisani, na ujira ni haki. Mtu aliyefanya kazi ya nchi kwa miaka mingi hapaswi kuingoja hisani ndipo apate kuona njia.

Tarehe 12 Julai 2015, siku ya Jumapili, Mzee Ojwang' alifariki katika Hospitali ya Taifa ya Kenyatta, akiwa na umri wa miaka 78. Alizikwa katika makaburi ya Lang'ata. Ukiitazama ramani ya Nairobi utaona kwamba hospitali hiyo iko upande mmoja wa Kibera, na makaburi hayo yako upande wa pili. Safari yake ya mwisho ilikuwa kandokando ya mji ule wa ndimi nyingi. Siku zile watu wa makabila yote walimlilia, na wengi ndipo waliposoma kwa mara ya kwanza kwamba aliitwa Wanjau.

Siti binti Saad, mwimbaji mkuu wa Unguja, alipofariki mwaka 1950 alikuwa na bahati moja: Shaaban Robert aliandika wasifu wake, na kwa hiyo vizazi vya baadaye vikajua alikotoka, jinsi alivyodharauliwa, na jinsi alivyopanda. Wachekeshaji wetu wengi hawakubahatika hivyo. Habari zao zimetawanyika katika magazeti ya zamani na katika kumbukumbu za watu wanaozeeka. Machozi huandikwa upesi. Kicheko hudhaniwa kuwa kitu kipitacho, kisichohitaji kalamu. Ni kosa. Ukitaka kujua watu walikuwa wakiogopa nini na kutumaini nini, uliza walikuwa wakicheka nini.

Ndiyo maana nikaiita insha hii deni la kicheko. Deni hilo halilipwi kwa maua ya mazishini. Sehemu yake moja italipwa na serikali na mashirika, kwa kuwapa wasanii ujira wa haki wakiwa hai na wenye nguvu. Lakini sehemu nyingine ni yako wewe usomaye. Waulize babu na nyanya wako ni mchekeshaji gani aliyewafurahisha, alisema nini, na kwa nini waliona ni jambo la kuchekesha, kisha uandike. Na utakaposikia mwenzako darasani akisema «samba» au «rara», ukashikwa na kicheko, jiulize kwanza: je, kicheko hiki kinamfukuza chumbani, au kinamvuta akae karibu nami?

Kisha siku moja urudi Olympic, usimame tena kando ya barabara. Zile ndimi zitakuwa zinaendelea, kila mmoja na chumvi yake. Palikuwa na mtu aliyezisikiliza kwa makini kuliko sisi sote, akatuonyesha kwamba ulimi wa jirani unaweza kukaa kinywani mwetu bila kutudhuru. Mungu amrehemu, nasi atupe masikio kama yake.